Barua ya wazi kwa wakubwa wa Kigoma: jiwe la Livingstone mnalitunza, nyumba za Ujiji zinaisha

Mheshimiwa Mkuu wa Mkoa wa Kigoma, Mheshimiwa Meya, Ndugu Mkurugenzi wa Manispaa ya Kigoma/Ujiji, madiwani wetu wote wa kata za Ujiji, na nyie wakubwa wa Mambo ya Kale mlioko huko wizarani, shikamooni, na mlio rika langu habari za kazi.

Naandika hapa hadharani kwa sababu barua ya bahasha ikifika masjala inagongwa muhuri wa kupokelewa halafu basi, inalala, na hili jambo halina muda wa kulala. Mimi ni fundi ujenzi wa hapa hapa Ujiji, kazi nimerithi kwa baba, nimekandika na kuziba nyufa za nyumba nyingi za zamani za mji huu, na siku hizi simu zinazoingia ni za kubomoa kuliko za kutengeneza, hela ya kubomoa nakula maana watoto wanasoma, ila roho inauma. Kwa hiyo hiki ninachosema sio cha mtu wa semina. Nasema Ujiji mnaitunza kwa ajili ya wageni wawili waliopita njia, na mji wenyewe, yaani nyumba za watu waliowapokea hao wageni, mnauacha unakwisha.

Tuanze na hao wageni wenyewe. Kila mtu anajua habari ya Novemba 1871, Stanley, mwandishi wa gazeti, kamkuta Livingstone, yule mmisionari mpelelezi, hapa Ujiji wakavuliana kofia, na pale tuna jumba la makumbusho, tuna jiwe lenye ramani ya Afrika na msalaba, tuna miembe inayosemwa ni uzao wa ule mwembe wa siku ile. Vizuri. Sina ugomvi na Livingstone, mzee wa watu alikuwa mgonjwa na kaishiwa kila kitu, na wako vijana wa mtaani kwetu wamelipa ada kwa hela ya watalii wake. Ila watu huwa hawasemi kilichofuata baada ya kofia. Stanley mwenyewe kaeleza kwamba Livingstone alimshika wakaenda kukaa barazani, kibaraza cha udongo kilichoinuliwa chini ya upenu, kimetandikwa mkeka na ngozi ya mbuzi, na hapo ndo wakapiga stori huku watu wa mji wamejaa mbele yao wanawaangalia. Baraza! Yaani mazungumzo yanayojulikana dunia nzima yalipigwa kwenye baraza ya nyumba ya Ujiji, kama mimi na jirani yangu tunavyokaa saa kumi jioni na kahawa. Na aliyetoka mbio kwenda kumwambia Livingstone kuna mzungu anakuja alikuwa Susi, mtumishi wake, mtu wetu, sio mzungu. Sasa niambieni wakubwa, jiwe tunalo, masanamu tunayo, baraza zetu ziko wapi?

Mji huu haukuanza na hao wawili. Burton na Speke, wapelelezi wa Kiingereza, walipofika hapa Februari 1858 walikuta soko linachemka, chumvi ya Uvinza, mawese, samaki, pembe za ndovu, na watu wakiuzwa pia (nitafika huko msidhani nakwepa), na shanga za sofi ndo zilikuwa hela yenyewe ya sokoni. Wenyeji Wajiji na Waha walikuwepo, watu wa pwani wakaja na misafara yao, Wamanyema wakavuka kutoka ng'ambo Kongo, na kila mmoja kaja na mkono wake wa kujenga. Ikatoka nyumba ambayo sio ya mawe kama ya Unguja na wala sio msonge wa Kiha, ni nyumba ya Ujiji. Halafu Wajerumani wakafikisha reli ya kati mwaka 1914, wakaipeleka Kigoma kwenye bandari yenye kina maana kwetu maji ni mafupi meli kubwa haisogei, na ofisi na stesheni na kila kitu kikahamia kule, Ujiji ikaachwa kilomita kama 8 pembeni. Wazee wetu walinuna sana. Lakini kuachwa huko ndo kulizitunza nyumba, kwa sababu hakukuwa na mtu mwenye hela ya kuzibomoa.

Sasa hela inakuja, na namshukuru Mungu inakuja, sijasema isije. Mkataba wa SGR, ile reli mpya ya kisasa, ya Tabora mpaka Kigoma ulisainiwa Desemba 2022, lami imeingia mitaani, viwanja vinapanda bei, na tangu ziwa lilipopanda miaka hii ya karibuni likafukuza watu kule Kibirizi na Katonga, mtu akipata eneo la juu kidogo hana mchezo nalo. Dalali anapita mtaani kwetu anaangalia nyumba kongwe anachoona ni kiwanja chenye takataka juu yake.

Ngoja niwaeleze hiyo takataka ilivyotengenezwa, maana nadhani wengi mnapita na magari vioo vimefungwa. Nyumba ya kwetu inaanza na msingi wa mawe ulioinuka, halafu miti inasimamishwa, inafungwa fito kulala, katikati panashindiliwa udongo na mawe madogo mpaka ukuta unakuwa mnene kuliko tofali zenu, unasiribwa kwa udongo laini na juu yake chokaa. Mbele kuna baraza ndefu ya upana wote wa nyumba, paa limeteremka likaifunika kwa upenu mpana unaobebwa na nguzo za mbao. Mlango mkubwa uko katikati, nyuma yake ukumbi mrefu unanyooka moja kwa moja mpaka mlango wa uani, vyumba vitatu huku vitatu huku. Watu wanasema wazee walijenga hivyo kwa sababu hawakuwa na ramani. Hapana bana. Mchana upepo unatoka ziwani, ukifungua mlango wa mbele na wa uani unapita katikati ya nyumba wote na kuvuta joto la vyumbani, hata feni huhitaji. Ule upenu mpana sio urembo, mvua ya Kigoma inapiga ubavu na ukuta wa udongo adui yake ni maji, kwa hiyo paa limenyooshwa mbali ili ukuta usiloe kamwe. Na baraza inafanya kazi mbili, inazuia maji yanayorukia ukutani, halafu ni sebule ya mtaa, mgeni asiye wa familia anaishia pale, mambo ya posa, ya msiba, ya ugomvi wa mipaka, bao, kahawa, bi mkubwa na beseni lake la mihogo ya kukaanga, yote pale, na wa ndani hasumbuliwi. Uani ni kwa kina mama na watoto na jikoni, watu wa nje hawaoni. Hiyo ramani imefikiriwa kuliko nyumba nyingi ninazojengeshwa sasa hivi, hizi kontemporari za paa la kufichwa, ambapo mwenye nyumba ananipigia simu mwaka wa pili ananiambia fundi ukuta unavuja.

Haya, nini kinaziua? Wengi wanafikiri ni uzee. Uzee haujawahi kuangusha nyumba ya udongo yenye paa zima.

Cha kwanza ni simenti. Mtu anapata hela kidogo, anataka nyumba ing'ae, anapiga lipu ya simenti juu ya ukuta wa udongo. Ukuta wa udongo unapumua, unavuta unyevu chini na kuutoa pembeni, ukiuvika simenti unyevu unakosa pa kutokea, unakaa ndani, miti inaoza, mchwa wanafurahi, na nje ukuta unaonekana mzima kabisa mpaka siku upande mzima unapolala chini. Nimezibomoa za namna hiyo, ukigonga lipu kwa nyundo linatoka kama gamba na nyuma yake hakuna mti, kuna unga. Chokaa ingetosha, na chokaa ni rahisi, ila hakuna anayewaambia watu.

Cha pili ni barabara, na hapa nawaomba wahandisi mnisikilize. Kila barabara ikitengenezwa inapandishwa, kifusi juu ya kifusi, kokoto, lami, halafu mtaro unajengwa ukingo wake uko juu kuliko baraza za watu. Nyumba iliyokuwa imeinuka ngazi mbili kutoka chini sasa ngazi unashuka kuingia ndani. Mtaani kwetu kuna barabara moja ilipandishwa hivyo na mkandarasi mmoja, simtaji, mvua ya kwanza tu maji yakavuka barabarani yakaingia ukumbini kwa bibi mmoja jirani yangu, ukuta ukala maji toka chini, na msimu huo huo chumba cha mbele kikaenda. Tulipoenda kulalamika kwenye ofisi inayohusika tukaambiwa nyumba yenyewe ilikuwa mbovu. Ilikuwa mbovu imesimama toka enzi za Mwingereza?

Cha tatu ndo kikubwa na hakuna ofisi inayokigusa: mirathi. Nyumba moja ina warithi ishirini, wengine wako Dar, wengine Bujumbura, wengine Uvira na Kalemie, wengine hata hawajulikani walipo. Anayeishi ndani ni mmoja, mara nyingi shangazi au mjukuu aliyemuuguza bibi, na yeye hana nguvu ya kutengeneza kwa sababu akiweka bati jipya leo kesho mwenzake anakuja anadai fungu lake la nyumba iliyopanda thamani kwa hela ya shangazi. Basi kila mtu anaiacha. Bati linatoboka, hakuna wa kulipa, maji yanaingia, nyumba inakuwa gofu, na siku ikishakuwa gofu ndo warithi wote wanakubaliana kitu kimoja, kuuza. Mnunuzi anabomoa baraza anajenga fremu sita za maduka, nne hazipati mpangaji. Msije mkasema watu wa Ujiji hawathamini cha kwao, familia zimekwama, na hakuna mahali mtu anaenda akasaidiwa kukwamuka bila kuuza.

Kwenye sheria napo kuna kichekesho. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inasema jengo lililojengwa kabla ya mwaka 1863 linalindwa lenyewe bila kuombewa. Sawa, ila nyumba za udongo zinatengenezwa upya kila kizazi, hizi za kwetu zilizosimama nyingi ni za enzi za Mjerumani na Mwingereza, kwa hiyo hazimo. Lakini sheria hiyo hiyo inasema mlango wa mbao au fremu ya mlango iliyochongwa nakshi kabla ya 1940 ni kitu kinacholindwa, huwezi kuutoa nje ya nchi bila kibali. Yaani mlango wa nakshi wa nyumba ya mtaani kwetu una ulinzi wa serikali ila ukuta unaoushikilia huo mlango hauna! Matokeo yake wanunuzi wa milango wanapita, mlango unang'olewa usiku kwa hela ndogo, panawekwa geti la chuma, na nyumba iliyobaki nyuma yake haina tena hata hicho kimoja cha kuitetea. Kwa bahati nzuri sheria imempa waziri nafasi ya kutangaza jengo au eneo lolote kuwa la kulindwa hata kama ni la juzi, sio lazima lifike 1863. Kwa hiyo msiniambie sheria hairuhusu. Na tangu 2006 Tanzania yenyewe imeiandika njia ya kati ya biashara ya watumwa na pembe kwenye orodha ya kusubiri ya urithi wa dunia ya UNESCO, shirika la Umoja wa Mataifa la elimu na utamaduni, Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde, Kwihara pale Tabora, na Ujiji. Tumejiandika wenyewe. Wakija wakaguzi wa dunia siku moja wakauliza Ujiji iko wapi tutawaonyesha nini, fremu za maduka?

Najua kuna wanaosema huu ni mji wa utumwa, wa nini kuutunza. Nimelisikia hata kwa watu ninaowaheshimu. Mimi nasema hivi, wengi wetu babu zetu walifika hapa kutoka ng'ambo, wengine wafanyabiashara, wengine wapagazi wenye mzigo kichwani, na wengine wamefungwa kamba, na hatuna sababu ya kuona aibu kwa hilo, aibu ni ya aliyefunga. Matajiri wa pembe kina Rumaliza walikuja wakaondoka. Waliobaki ndo waliojenga hizi nyumba mnazoziona, watu walioletwa bila kitu, wakapata kiwanja, wakasimamisha miti, wakaweka baraza mbele na jina lao likajulikana mtaani. Kubomoa hizo nyumba kwa sababu ya utumwa ni kuwafuta hao hao waliotoka humo wakajijenga, na kuacha jiwe la Livingstone peke yake lisimulie.

Kuna na wengine wanaogopa, na hofu yao ni ya haki, kwamba nyumba ikiitwa urithi mwenyewe anakatazwa kila kitu, anaachwa na udongo wake na choo cha shimo huku mtalii anapiga picha. Mkija na hiyo staili tutapigana. Mtu anataka maji ndani, anataka choo cha ndani, vigae sakafuni, bati jipya, aweke, hata bati lenyewe lilikuja baadaye likachukua nafasi ya nyasi na hakuna aliyelia. Kinachotakiwa kubaki ni sura ya mbele, baraza na upenu wake, mlango, ule ukumbi wa katikati, na urefu wa nyumba usiizidi miti. Ndani mwachieni mwenye nyumba na maisha yake.

Basi tunachoomba. Kabla ya lolote, zihesabiwe. Mpite kuanzia sokoni mpaka kwa Livingstone na mitaa ya pembeni yote, nyumba kwa nyumba, ipigwe picha, ichorwe, iandikwe nani alijenga na nani anakaa, hii kazi haihitaji mfadhili wa Ulaya, inahitaji afisa mipango miji mmoja, afisa utamaduni, wenyeviti wa mitaa na vijana wa chuo wenye simu. Serikali inazijua nyumba zetu vizuri tu ikija kwenye kodi ya jengo, inakata kwenye umeme kila mwezi bila kukosea mtaa, haishindwi kuzijua kwa hili. Orodha ikibandikwa ofisi za kata kila mtu aione, ikiwa imo sawa, ikiwa haimo mtu alalamike mapema.

Wakati orodha inatengenezwa, kibali cha kubomoa nyumba kongwe kisitoke kwa haraka, mtu asubiri, wataalamu waje waangalie, na kama nyumba imeshakuwa hatari kweli basi angalau ipimwe na kuchorwa kabla haijalala. Madiwani mnatunga sheria ndogo za mnada na za mbuzi wanaozurura, mnaweza kutunga na ya baraza.

Barabara, chimbeni kwanza msipandishe. Gharama inaongezeka kidogo najua, lakini mtaro ukiwa chini ya baraza mmeokoa mtaa mzima.

Kwenye mirathi, hapa naomba mtu mwenye akili kuliko mimi afikirie, ila mimi naona kungekuwa na dawati moja tu, la kata, lenye mtu wa sheria na shehe anayejua mirathi, likasaidia warithi waandikiane kwamba anayetengeneza nyumba gharama yake inahesabiwa kabla ya mgao, nusu ya magofu yasingekuwepo. Hilo tu. Shangazi akijua bati lake halitaliwa na wengine ataweka bati.

Na mafundi. Tunaojua kusiriba na kufunga fito tumebaki wachache na wengi wetu wazee, vijana wakienda chuo cha ufundi wanafundishwa tofali na zege basi. Tupeni vijana kumi tuwafundishe kwa kazi, kwa nyumba halisi, mtulipe posho ya kawaida ya fundi, tutaanza na nyumba zenye wajane. Wenzetu Tabora wana lile tembe la Kwihara limetunzwa watu wanalitembelea, Bagamoyo wana mji wao mkongwe, na hata huko kwenye jina kubwa sio kwamba wamemaliza, Mji Mkongwe wa Unguja uko kwenye urithi wa dunia toka mwaka 2000 na bado sehemu ya Beit el Ajaib, lile jumba la sultani, iliporomoka Desemba 2020. Kuandikwa kwenye orodha peke yake hakushikilii ukuta, anayeushika ni fundi.

Wazee wanaojua nyumba ipi ilijengwa na nani wapo bado, baadhi hawatoki tena nje ila akili ziko sawa, nitawapeleka kwao mmoja mmoja bila malipo. Mvua zetu zinaanza Oktoba na gofu la udongo lisilo na bati halivuki msimu, kwa hiyo njooni kabla, Agosti au Septemba, mje asubuhi kabla jua halijawa kali, mje na kalamu na kamera na futi ya kupimia, na tafadhali msije na msafara wa magari maana mitaa yenyewe myembamba hamtapata pa kugeuzia.

Ni mimi fundi wenu, Ujiji.